Kinyozi Asiyejua Kuuliza

12 Machi

Mvua imeanza leo mchana, nikiwa katikati ya kurekodi sauti ya mgonjwa wa koo. Chumba cha sauti kina paa la bati. Nimelisema hilo kwenye kila kikao tangu niajiriwe hospitali hii, na kila kikao najibiwa kwamba ni paa zuri, halivuji. Kweli halivuji. Ila tone la kwanza likigonga tu, vipaza sauti vyangu havisikii kitu kingine. Mgonjwa alikuwa kwenye "aaa" yake ya pili. Tukabaki tunatazamana, yeye kaachama, mimi nimeshikilia kitufe, mpaka nikamwambia basi, mama, funga mdomo, tutaendelea ikikatika.

Haikukatika.

13 Machi

Mvua. Sijarekodi chochote. Nimetafuna kucha za mkono mzima.

15 Machi

Mzee Tarumbeta kaja kavimba kwa hasira. Jina hilo alilipata enzi zake kwenye bendi ya jeshi. Sasa hana koromeo. Lilikatwa pamoja na saratani yake, anapumulia tundu la shingoni, na anaongea kwa kifaa tulichompa sisi: kidude cha ukubwa wa tochi, unakibana chini ya taya, kinatetemesha koo, na mdomo unageuza mtetemo kuwa maneno. Wagonjwa wanakiita kinyozi, kwa sababu anavuma kama mashine ya kunyolea. Ana sauti moja tu. Hapandi, hashuki.

Yaliyompata ni haya. Shemeji yake alikuwa kalazwa hospitali nyingine. Mzee akasikia uvumi mbaya, akampigia simu binti wa shemeji ili ajue ukweli. "Baba yako amefariki?" Hivyo ndivyo alivyokusudia. Binti akasikia, "Baba yako amefariki." Akaangusha simu, akapiga mayowe, nyumba ikajaa watu. Jioni shemeji akashuka kwenye teksi na mfuko wake wa dawa, akakuta watu wanalia, na yeye akalia nao kwanza kabla ya kuuliza nani kafa.

"Mimi niliuliza," Mzee akaniambia, mishipa ya uso imemsimama, kinyozi akivuma vilevile kama vile anasoma bei ya sabuni. "Niliuliza. Unanielewa."

Sikujua kama hapo ananiuliza au ananiarifu, nikatikisa kichwa tu.

Na hilo ndilo tatizo lenyewe. Kwetu swali na habari ni neno lilelile. "Amefika" na "amefika?" zinatenganishwa na sauti kupanda kidogo mwishoni, basi. Kinyozi hapandi. Aliyetuuzia vifaa alishauri wagonjwa waanze na "je". Nikamuuliza, wewe nyumbani kwako unaongea hivyo? "Je, umeoga?" Mtoto si atadhani yuko kituo cha polisi!

18 Machi

Daktari wa koo kaniita ofisini kwake akafunga mlango. Yule hafungi mlango hata akibadilisha shati.

Uvimbe wa Mama umerudi.

Mwaka jana alitibiwa kwa mionzi, kwenye mashine ambayo mimi ndiye ninayeipima kila asubuhi kabla ya mgonjwa wa kwanza, kuhakikisha inatoa kile inachodai kutoa. Dozi ya Mama sikuipanga mimi. Nilimwachia mwenzangu, nikawa nazunguka koridoni kama kuku anayetaka kutaga. Uvimbe ulinywea. Sasa umeota tena, palepale kwenye nyuzi za sauti, na mionzi hairudiwi mahali palepale, nyama haitastahimili. Kilichobaki ni kukata koromeo lote.

"Akikatwa?" nikauliza.

"Akikatwa kabla ya katikati ya Mei, ana nafasi nzuri sana. Sikubembelezi, unanijua sina tabia hiyo."

"Asipokatwa?"

Akageukia dirisha. "Wewe ni mwanafizikia. Usinifanye nikutajie."

Sijakaa kitini tangu nitoke pale. Hata hapa naandika nimesimama, daftari juu ya friji.

20 Machi

Tumemwambia, mimi na daktari.

Mama ni mwalimu wa udereva. Nusu ya madereva wa mji huu wamepita mikononi mwake, na hiyo nusu nyingine, anasema, ndiyo inayogonga watu. Haongei na mtu, anamhoji. Umeangalia kioo? Umefunga mkanda? Umemwona yule mtoto? Akirudi nyumbani hazimi injini. Umekula? Umevaa sweta? Umempigia mdogo wako? Nina miaka arobaini na vyeti vya kujaza ukuta, na bado naulizwa kama nimenawa. Siku nyingine namjibu kwa kuguna tu. Sasa sauti yenyewe imechakaa, inakwaruza kama gia isiyoingia, na wanafunzi wake wanadhani ni mafua.

Daktari alipomaliza maelezo yake yote, Mama akamtazama.

"Lile gari la bluu hapo nje ni lako?"

"Ndiyo, Mama."

"Tairi la nyuma limekwisha."

Basi, hayo tu. Njiani akaniuliza kama nimekula.

26 Machi

Mama kakutana na Mzee Tarumbeta kwenye benchi la kliniki. Nilipanga mwenyewe, nikidhani atatiwa moyo. Mzee akabana kinyozi wake kwa adabu zote: "Umekuja kukatwa." Mama akaruka kama kaguswa na umeme. Alikuwa anauliza tu, masikini.

Nyumbani Mama akatoa hukumu.

"Sikatwi. Nitamfundishaje mtu gari na kidude kile? Nimwambie 'umeangalia kioo', adhani namsifu? Si ataingia ukutani!"

"Mama, utakuwa hai."

"Hai ninavuma."

Mdogo wangu, ambaye ndiye fundi wa magari ya Mama, akacheka mpaka akapaliwa. Mimi sikucheka. Nimekata shauri: nitamtengenezea kinyozi anayejua kuuliza, kabla Aprili haijaisha. Akimsikia atakubali, na hana kisingizio kingine.

2 Aprili

Toleo la kwanza tayari. Ukibonyeza, sauti inaanza chini inapanda yenyewe. Mzee Tarumbeta kaenda naye nyumbani kwa majaribio.

3 Aprili

Mzee karudi asubuhi na mapema, safari hii na mkewe. Kumbe sasa kila kitu ni swali. Alifika mlangoni akasema, "Mimi ni mume wako?" Mama wa watu akashika kichwa. Mzee akajaribu kurekebisha mambo: "Nakupenda?"

"Nikamwambia kama wewe mwenyewe hujui, mimi nitajulia wapi?" mke akanisimulia, huku akikiweka kidude mezani kwangu kwa vidole viwili.

6 Aprili

Mvua imetupumzisha asubuhi, na nimewahi kabla haijageuza nia. Nahitaji maswali ya Mama, nijue sauti yake inapanda kiasi gani, ili kinyozi wake apande kama yeye na si kama mtu mwingine. Tumerekodi ndani ya gari la mafunzo, kwenye gereji ya mdogo wangu, vioo vimefungwa. Viti vya kitambaa vinameza mwangwi vizuri kuliko chumba chetu cha hospitali. Mama kwenye kiti cha mwalimu, mimi cha mwanafunzi, kipaza sauti kinaning'inia kwenye kioo cha kati.

"Niseme nini?"

"Chochote. Maswali na kauli, changanya."

"Umefunga mlango? Breki ya mkono iko juu. Mdogo wako ameamka? Kiti chako kiko mbali. Unaona vizuri? Hilo shati halijapigwa pasi."

Akaendelea hivyo mpaka koo likamchoka. Nilipoanza kukunja waya akasema, "Nitapona."

"Haya, Mama," nikasema. Nilikuwa nimeinama natafuta kifuniko cha kipaza sauti chini ya kiti.

Amesema atapona! Kwa mdomo wake mwenyewe, bila kusukumwa. Nimemwambia mdogo wangu pale pale, kisha nimeimba njia nzima hadi kazini, mimi ambaye siimbi.

7 Aprili

Simwelewi mwanamke huyu. Nimekwenda kumwambia tuchague siku ya upasuaji, akasema hapana, na safari hii bila utani wowote.

"Sina haja ya kukatwa bure."

Jana atapona, leo hataki kitu pekee cha kumponya! Nikamfuata mdogo wangu gerejini anisaidie kumshawishi. Hakutoa hata kichwa chini ya gari.

"Dada, si umeniambia mwenyewe kasema atapona? Ana imani yake. Muache."

"Imani haikati uvimbe."

"Na wewe na mionzi yako mlimchoma mwaka jana, mkapata nini?"

Nikaondoka. Nimesahau mwavuli kwake, nikaona aibu kuurudia, nimelowa hadi soksi.

13 Aprili

Mvua wiki nzima. Toleo la pili limeungua mkononi mwangu. Chumba kinanuka nywele.

16 Aprili

Daktari wa koo kanikuta kwenye ngazi. "Mama?" akauliza. Neno moja tu, limepanda vizuri kabisa mwishoni. Nikasema bado.

19 Aprili

Barabara ya chini imejaa maji, gari la hospitali limegoma kuvuka, nikampigia Mama. Kaja kunichukua na mwanafunzi kwenye usukani, mama mmoja muuza vitambaa, mikono inamtetemeka. Nikakaa nyuma. Gari lilikuwa linaruka kama chura.

"Unakanyaga mafuta kama unawasha taa!" Mama akamkwaruzia. "Mafuta hayana kuwaka na kuzima. Yanaongezwa. Kidogo. Kidogo tena. Unasikia injini inavyopanda?"

Nikasikia injini inavyopanda.

"Simamisha!" nikapiga kelele.

Mwanafunzi akakanyaga breki yake, Mama akakanyaga ya kwake, mimi nikaenda kubusu kiti cha mbele.

"Nini? Umeumia?"

"Mafuta, Mama! Nimemwekea kinyozi swichi, kumbe anataka mafuta!"

Yule muuza vitambaa akamuuliza Mama kwa sauti ya chini kama binti ni mzima.

"Amesoma sana," Mama akamjibu. "Twende. Umeangalia kioo?"

25 Aprili

Kinyozi amekubali! Kidole cha shahada kinashikilia swichi, sauti inatoka. Kidole gumba kinakaa juu ya kipande kidogo cha mpira, na kadiri unavyokikandamiza ndivyo sauti inavyopanda. Ukikiachia, sauti inalala. Nimekiita pedeli.

Mzee Tarumbeta alihangaika kidogo tu, vidole vyake vilishazoea kazi. Kisha akampigia mkewe.

"Uko nyumbani?"

Nikasikia mama wa watu akivuta pumzi upande wa pili. "Niko nyumbani, ndiyo. Mume wangu, umeniuliza?"

"Nimekuuliza."

Mzee akakata simu, akageukia ukuta akajifuta uso kwa mkono wa shati. Mimi ndiye niliyepaswa kufurahi kuliko wote. Nimefurahi, lakini miguu haitulii, nimezunguka ile meza mpaka fundi wa vifaa akaniomba nikazungukie nje.

28 Aprili

Nimempelekea Mama. Hata mtu mwenye koromeo lake anaweza kumjaribu kinyozi: unabana pumzi, unachezesha mdomo tu. Mama akambana chini ya taya, akatafuta mahali, gumba likakanyaga pedeli taratibu kama anavyowafundisha wanafunzi wake.

"Umeangalia kioo?"

Ikapanda. Ilipanda kama yake, ile ya zamani, kabla ya kuchakaa. Mdogo wangu akaacha kutafuna. Mama akacheka bila sauti, akarudia, "Umeangalia kioo?", kisha, "Umeangalia kioo," akimsifu mtu asiyekuwepo. Nikajua tumemaliza.

Akakirudisha kwenye boksi lake, akafunga.

"Kizuri sana, mwanangu. Mpe mwenye shida nacho."

"Mama! Ulisema tatizo ni sauti."

"Nilisema mengi."

"Sasa tatizo ni nini?"

"Mvua inakuja. Umekuja na mwavuli?"

Nimelia kwa hasira hadi kituo cha basi. Kuna kipande cha barabara nilimchukia kabisa, naandika hivyo kwa sababu ni kweli. Nimebomoa chombo mara tatu, nimepigana na bati, na mvua, na mdogo wangu, kwa ajili ya mtu anayetaka kujua habari za mwavuli.

1 Mei

Sikukuu. Mvua. Nimefua vitu ambavyo havikuwa vichafu.

3 Mei

Lazima niandike.

Hakuna aliyenituma, ila kukaa bure siwezi, basi nimeirudia ile rekodi ya gerejini kurekebisha pedeli vizuri zaidi. Sauti za Mama nilikuwa nimezigawa mafungu mawili, maswali huku, kauli huku. Sauti iliyochakaa inaisumbua kompyuta, mawimbi yake hayalingani, inabidi niyapime mwenyewe, moja baada ya jingine. Maswali yake bado yanapanda mwishoni, lakini kidogo mno, sikio linaweza kupitwa usipokuwa unamtazama usoni. Kauli zote zinashuka. Zote ila moja, na hiyo moja ilikuwa inaniharibia wastani tangu asubuhi. Nikasema ni kelele tu, labda tone la mvua, labda gari limepita nje. Nikapeleka kidole niifute.

Halafu nikaisikiliza kwanza. Ilikuwa ya mwisho kabisa, kinasa sauti bado kinafanya kazi, waya zinasuguana. "Nitapona." Nikaiweka sambamba na "Umefunga mlango?" Mistari miwili kwenye kioo cha kompyuta ikapanda sawasawa.

Hakuwa ananiambia. Alikuwa ananiuliza.

Nitapona?

Na mimi, bingwa wa sauti, mwenye chumba cha sauti, ninayewacheka wanaowauzia watu "je", nikamjibu "Haya, Mama," kichwa kikiwa chini ya kiti. Maisha yake yote ananiuliza vitu nisivyovijali, nikavijibu kwa kuguna. Akaja na swali moja ambalo koo lake halikuwa na nguvu ya kulipandisha, nami nikaliweka kwenye fungu la kauli. Mwezi mzima limekaa humo. Mwezi mzima yeye anajua kwamba alimuuliza mtu anayejua, na mtu huyo hakumjibu.

"Kukatwa bure." Sasa ndiyo naelewa.

4 Mei

Nimefika kwake kabla hajatoka. Alikuwa anafuta vioo vya gari, mvua ya rasharasha inamharibia kazi, na yeye anafuta tu.

"Mama, siku ile gerejini uliniuliza kama utapona."

Hakugeuka. "Nilikuuliza."

"Nilidhani unasema."

Kitambaa kikasimama. "Unamaanisha nini?"

"Sikusikia kama ni swali. Sauti haikupanda vya kutosha. Nilidhani unaniambia mwenyewe kwamba utapona, nikafurahi. Nimeimba, Mama. Muulize yeyote kazini."

Akanitazama muda mrefu, kama anavyomtazama mwanafunzi aliyepita taa nyekundu.

"Ulisema haya."

"Nilisema haya."

"Wewe ndiye unayeona picha zangu zote. Nikamuuliza mtu anayejua, akaniinamia chini ya kiti, haya Mama. Nikasema basi, mtoto anashindwa kuniambia. Kama ni kufa, nife na koo langu, kwa nini nife navuma?" Sauti ikamkatika, akaegemea mlango wa gari. "Haya. Nauliza tena. Safari hii tazama."

Akainua nyusi, akainua na mkono hewani kabisa kulisaidia swali lipande.

"Nitapona?"

Nilitaka kusema ndiyo. Neno lilikuwa mdomoni.

"Kuahidi siwezi, Mama. Kazi yangu ni kupima. Uvimbe bado uko sehemu moja. Ukikatwa kabla ya katikati ya mwezi huu, nafasi yako ni nzuri sana, na daktari kaniapia kwamba hatubembelezi. Picha zako nimezitazama mpaka naziona nikifumba macho, na mimi naamini utapona. Usipokatwa, huponi."

Akakamua kitambaa, akakikunja vizuri.

"Sasa hilo lilikuwa na ugumu gani?"

Nikacheka, halafu nikalia, halafu sijui ni kipi nilikuwa nafanya. Yeye alinishika kichwa kwa mikono yake iliyolowa. Mdogo wangu akatoka gerejini na spana, macho yamemtoka.

"Kuna nini? Nani kafa?"

"Hajafa mtu," Mama akasema. "Nakwenda kukatwa. Umekula?"

9 Mei

Mvua. Mama anawafundisha wanafunzi wake wote kwa haraka, anawamalizia masomo. Mdogo wangu kaniletea mwavuli wangu kazini, kakaa kidogo kwenye chumba cha sauti. Nikamwonyesha ile mistari miwili. "Na mimi nilikwambia ana imani yake," akasema.

14 Mei

Leo ndiyo leo. Mlangoni mwa chumba cha upasuaji kanishika mkono, na kwa sauti yake mwenyewe, ile inayokwaruza, ya mwisho, kaniuliza kama nimevaa sweta. Nilikuwa nimevaa. "Nimevaa, Mama," nikasema, kwa sauti kubwa, neno zima. Akaridhika, wakamsukuma ndani.

Kazi imechukua siku nzima. Nimeipima mashine ya mionzi mara mbili bila sababu, nikaambiwa niondoke. Nimetembea kutoka jengo hili hadi lile, bati hadi bati, viatu vimejaa maji. Jioni daktari wa koo katoka, kofia mkononi, kachoka kama mbeba mizigo.

"Tumelitoa lote," akasema. Kisha, kwa kuwa nilibaki nimemkodolea macho, akaongeza, "Hiyo ni kauli."

15 Mei

Amefungua macho. Ananitazama na haulizi kitu. Sikujua kimya kinaweza kumchosha mtu hivi.

24 Mei

Kinyozi hawezi kubanwa kwenye shingo mpaka kidonda kipone. Basi Mama anatuongoza kwa ishara za barabarani. Mkono kulia, geuza mto. Kiganja chini, punguza mwendo, hiyo ni kwa muuguzi wa sindano. Akigonga kitanda kwa mguu ni breki, na wodi nzima inasimama. Kwa "umekula" hakuna ishara barabarani. Ananigusa tumbo kwa kidole na kuinua nyusi.

Majibu ya maabara yametoka: kingo za nyama iliyokatwa ni safi, hakuna kilichobaki. Daktari kamsomea mwenyewe, pole pole. Mama akamwonyesha dirishani, kwenye maegesho. Kumbe tairi la nyuma kabadilisha.

8 Juni

Jua. Bati linalia kwa joto badala ya maji, na vipaza sauti vyangu vinasikia mpaka nzi. Daktari karuhusu leo kinyozi abanwe. Tumekaa watatu kwenye chumba cha sauti, Mama, mdogo wangu na mimi. Mimi nimekaa kwenye kiti, kama watu.

Mama akakitoa kidude kwenye boksi. Akakibana chini ya taya, kikavuma ovyo, akakisogeza, akapata mahali. Akamgeukia mdogo wangu kwanza, gumba likashuka taratibu.

"Umekula?"

"Nimekula, Mama," mdogo wangu akasema, mwongo mkubwa, tumbo lake lilikuwa linanguruma tangu asubuhi. Akatoka nje akisema amesahau kitu kwenye gari, na hakuwa amesahau chochote.

Nikangoja zamu yangu. Nilikuwa nimejiandaa kusema sijala, na kwa nini sijala, na ningekula nini baadaye, maelezo yote. Mama akanitazama, akarekebisha kidude shingoni.

"Nimepona," akasema.

Safari hii sikuliachia sikio peke yake. Nikakitazama kidole chake gumba. Kilikuwa hewani, mbali kabisa na pedeli, amekinyoosha makusudi nikione.

"Ndiyo, Mama," nikamjibu, ingawa hakuwa ameuliza.